Hakuna Mtu wa Jina Hilo

Karani wa uchaguzi alilamba kidole, akafunua daftari la wapigakura, akaanza kushuka na majina ya mtaa wetu nyumba kwa nyumba. Rajkishori Devi alikuwa amesimama mbele yake, fomu ya ugombea mkononi, sari yake nyeupe ya pamba imenyooshwa vizuri. Nyuma yake alisimama mumewe, Wakili Awadhesh Narayan, na wanachama wa chama chao kama ishirini wenye mashada ya maua ya manjano. Katika wilaya yetu yote hakuna mwanamke aliyewahi kugombea kiti cha Bunge la jimbo, na wengi walikuja kuona kwa macho yao kama jambo hilo litafika mwisho.

"Nyumba namba arobaini na moja," karani alisema. "Awadhesh Narayan, yupo. Kamta Narayan, yupo. Halafu…" Akakohoa.

"Halafu nani?" aliuliza Rajkishori.

"Mama yake Awadhesh Narayan. Amekatwa. Mke wa Awadhesh Narayan. Naye amekatwa."

"Mke wa Awadhesh Narayan ndiye mimi!"

"Sikatai, mama. Lakini serikali haimwandikishi mke wa mtu, inamwandikisha mtu mwenye jina lake. Wote walioandikwa hivi wamepigwa mstari mwekundu. Na si wewe mwenyewe uliyekuwa ukizunguka kutuambia?"

Mtu mmoja nyuma akacheka, na wengine wakajifanya wanakohoa. Alistahili kuchekwa kidogo, nasema kweli. Kwa miaka miwili Rajkishori alikuwa amezunguka vijijini kwa gari la ng'ombe, akiwasimamisha wanawake visimani na kuwaambia: mtu wa serikali akija mlangoni msimwambie mimi mama wa fulani au mke wa fulani, tajeni majina yenu, maana asiye na jina hana kura. Sasa jina lake ndilo halikuwamo, na asiyekuwamo katika daftari hawezi kugombea.

"Mwanamke aliyebaki katika nyumba hiyo ni mmoja tu," karani aliendelea. "Dulari Devi, binti wa Ramjatan Lal. Miaka ishirini na minane."

"Dulari Devi ndiye nani?" Rajkishori alidakia, na hasira yake ikapata pa kushika. Akamgeukia ofisa wa uchaguzi aliyekuwa meza ya pili. "Umesikia, bwana ofisa? Nyumbani kwangu hakuna mtu wa jina hilo. Huyo mwalimu mliyemtuma kuandikisha hakufika kwetu. Amekaa kwenye kibanda cha chai akajitungia majina!"

Ofisa alikuwa mtu mkavu, asiye na utani. Alivua miwani akaifuta. "Kama hakufika, orodha ya nyumba hiyo ni batili, na sheria inaniruhusu kuiandika upya. Uko tayari kuyaandika hayo na kutia sahihi?"

"Hata sasa hivi."

Akaandika palepale, kwa mwandiko wake mzuri, kwamba hakuna Dulari Devi katika nyumba namba arobaini na moja. Wakili Awadhesh akasaini kama shahidi. Ofisa akasema atamhoji mwalimu keshokutwa saa nne asubuhi, kisha atatoa uamuzi. Karibu na mlango, Lakhandeo Sahu, mfanyabiashara wa nafaka, alikuwa akitabasamu na kuupapasa mfuko wa koti. Mwanachama mwenzao huyo alikuwa na fomu yake tayari, na kila mtu alijua kwamba Rajkishori akianguka, tiketi ya chama ni yake.

*

Mambo ya nyumba ile sisi majirani tuliyajua, maana ukuta wetu ulikuwa mmoja. Siku hiyo Rajkishori aliingia uani bila kuvua viatu. Mama mkwe wake, ambaye sote tulimwita Amma, alikuwa ameketi kwenye jua akichambua dengu.

"Amma, alikuja mwalimu hapa kuandika majina?"

"Alikuja. Mwembamba hivi, ana mwavuli. Mwaka juzi, ama mwaka gani ule."

Rajkishori akaketi pembeni ya kitanda cha kamba. "Alikuja kweli?"

"Si nakuambia ana mwavuli? Akaniuliza jina langu. Mimi! Marehemu baba mkwe wako alikufa hajaniita jina hata siku moja, ndiyo nimpe mwanamume wa njiani? Nikamwambia andika mama yake Awadhesh, na hata hilo nimekupa kwa huruma."

"Na mimi je?"

"Nikamwambia mkwe wangu mkubwa hana haja ya kuandikwa, dunia nzima inamjua."

"Basi Dulari ni nani, Amma? Dulari binti wa Ramjatan Lal?"

Amma akatikisa kichwa, hamjui. Lakini jikoni mchi uliokuwa ukitwanga bizari ukanyamaza. Mke wa Kamta, yaani mke wa mdogo wake Wakili, akatokea mlangoni, mikono ya manjano, upindo wa sari umeshuka mpaka puani.

"Ni mimi, dada," alisema.

Kwetu bibi harusi akiingia nyumbani kwa mumewe huitwa kwa kijiji alikotoka, na huyu alitoka Bishunpur, kwa hiyo alikuwa Bishunpurwali. Bishunpurwali lete maji, Bishunpurwali mtoto analia. Mumewe alifanya kazi kiwandani Calcutta na kuja nyumbani sikukuu kwa sikukuu. Wakili, kwa kuwa ni kaka wa mume, kwa desturi hamtazami usoni, seuze kumwita. Miaka kumi na miwili alikuwa amepika chakula cha nyumba ile na kuwalea watoto wawili wa Rajkishori wakati mama yao yuko jela ya Waingereza na baadaye mikutanoni, na hakuna aliyewahi kumuuliza jina. Sisi majirani pia hatukumuuliza, ili nisijitoe.

"Wewe?" alisema Rajkishori. "Mbona umejiandikisha kwa baba yako?"

"Mwalimu aliniuliza la mume. Ningelitajaje jina la mume, dada? Akaniambia basi taja la baba."

"Na la kwangu? Kwa nini hukumtajia la kwangu?"

Bishunpurwali akang'ata ulimi, akajigusa masikio yote mawili kama mtu aliyesikia kufuru. "Nilitaje jina lako kwa mdomo wangu? Wewe si mkubwa wangu? Nilimsihi Amma alitaje, akakataa."

"Ungeniambia mimi!"

"Nilikuambia, dada. Siku ile unakwenda mkutano wa Chapra. Nilikuambia amekuja mtu wa majina, amesema kesho atapita tena, kesho tu kaa nyumbani. Ukasema nizungumze na Amma, wewe unawahi treni."

Rajkishori akaikumbuka siku hiyo. Aliikumbuka hata sauti aliyomjibu nayo, ile ya kufukuzia inzi. Aibu ikampanda, na kwa kuwa hakuzoea kuona aibu mbele ya mtu wa jikoni, akatazama pembeni.

"Nani alikufundisha kutaja jina lako?"

"Wewe. Ukijizoeza hotuba barazani, jikoni kunasikika kila neno. Mara ya kwanza sauti haikutoka, mwalimu akasema hakusikia. Mara ya pili nikapiga kelele mpaka njiwa wakaruka." Akacheka. Halafu akasogea hatua moja, akauliza polepole, "Kwa hiyo limo, dada? Langu limo daftarini?"

"Limo," alisema Rajkishori.

"Dulari," Amma alisema, akiionja sauti yake. "Jina zuri. Mbona siku zote hukusema?"

*

Kesho yake asubuhi mume na mke walikaa barazani, na chai ikapoa mbele yao.

"Kesho nitaifuta ile kauli," alisema Rajkishori. "Nitasema nilikosea."

"Ukiifuta, ina maana mwalimu alifika. Kama alifika, orodha ni halali, na wewe umekatwa kihalali." Wakili aliyasema hayo taratibu, kama anavyoeleza kesi. "Sahu anatoa fomu yake mfukoni, kwisha. Jimbo hili litakaa miaka mingapi tena kabla chama hakijamteua mwanamke? Wanasubiri tu kusema, tuliwapa nafasi, hata jina lake hakulijua lilipo."

"Lakini yupo, Bwana Wakili. Yuko jikoni hapo anapika." Hata yeye, aliyewafundisha wenzake kutaja majina, hakuwahi kumwita mumewe Awadhesh.

"Ni kura moja. Mwaka hamsini na sita daftari litafanywa upya, utamwandikisha mwenyewe kwa mkono wako. Nani ameumia?"

Si kwamba Rajkishori alikuwa mtu mbaya. Alikuwa na daftari lake mwenyewe, kichwani, la wanawake waliofia njiani kwenye magari ya ng'ombe wakikimbizwa hospitali ya Muzaffarpur kujifungua, na la wasichana walioachishwa shule darasa la nne kwa sababu hakuna shule yao. Sahu hangewajengea hata choo. Alilijua hilo, na alijua pia kwamba anajitafutia sababu, na yote mawili yalikuwa kweli.

"Tumwulize mwenyewe," alisema mwishowe.

"Ukimwuliza atakubali. Lini amewahi kukataa kitu? Halafu utakuwa umepata nini? Mwache bila kujua, ni heri."

Kutoka baraza ile mpaka mlango wa jikoni ni hatua kumi na tano, nimezitembea mara nyingi. Rajkishori alikaa pale mpaka mchana, akaitwa kula, akaletewa wali, dengu na mboga ya koliflawa, akala. Bishunpurwali alimwongezea wali mara mbili bila kuombwa, na alikuwa akiimba.

*

Mwalimu Ramsakal alifika mbele ya ofisa na mwavuli wake. Alikuwa mwalimu wa shule ya msingi, na ile kazi ya kuandikisha alipewa kwa lazima, kama walimu wenzake wote.

"Nilifika, bwana ofisa, naapa kwa wanangu. Mara mbili! Huyo mama alinipa maji ya kunywa kwenye gudulia. Alisema jina lake kwa sauti kubwa, nikamsifu, nikamwambia mtaa mzima ni wewe wa kwanza."

"Mama Rajkishori," alisema ofisa, "hili ni swali la mwisho. Dulari Devi yupo au hayupo?"

Mwalimu akamgeukia. Alimtazama kwa matumaini, maana aliwahi kumsikia akihutubia, na alimwona kuwa mtu wa haki.

"Hayupo," alisema Rajkishori.

"Na huyu Kamta, hana mke?"

"Mke wake yuko kwao, Bishunpur. Hakai hapa."

"Kwa hiyo wanawake wazima katika nyumba yenu ni wangapi?"

"Wawili. Mama mkwe wangu na mimi."

Ofisa akachukua kalamu nyekundu. Akaandika upya nyumba namba arobaini na moja: Sahodra Devi, ambaye ndiye Amma, na Rajkishori Devi. Lakhandeo Sahu akatoka nje bila kuaga. Nje wanachama wakamvisha mgombea wao mashada mpaka shingo haionekani, na picha ikapigwa. Picha hiyo ipo mpaka leo katika ofisi ya chama. Ukiitazama utaona mgombea hatazami kamera, anatazama pembeni, kule ambako mwalimu alikuwa akifungua mwavuli wake aondoke. Mwalimu yule alimwaga unga mwezi huohuo kwa kosa la kubuni wapigakura.

*

Siku ya kura ilikuwa Januari, na ukungu ulikuwa mzito hata kisima hakionekani. Rajkishori alitoka alfajiri kwa gari la chama kukagua vituo. Kabla ya kutoka alipita jikoni.

"Bishunpurwali, leo wageni watakuwa wengi. Itabidi ubaki upike."

"Nimeshapika, dada. Mikate ya puri imo kwenye kapu, viazi vimefunikwa. Niliamka mapema kwa ajili hiyo."

Alikuwa amevaa sari yake ya harusi, ile ya manjano yenye ukingo mwekundu, na bangili mpya za kioo. Rajkishori alifungua mdomo. Nafasi ya kusema ilikuwa pale, na mimi naamini alikusudia kusema. Dereva akapiga honi, akaondoka.

Tulikwenda wanawake kumi na wanane wa mtaa, tumejifunika mablanketi, Amma mbele na fimbo yake. Foleni yetu ilikuwa peke yake, upande wa nyuma wa shule. Wanawake walikuwa wakijizoeza majina yao kwa kunong'ona, kama watoto siku ya mtihani. Amma akaingia, akatajwa, akatoka na kidole kimepakwa wino. Akakinyanyua tukione. Kisha zamu ikawa ya Bishunpurwali, na mimi nikiwa nyuma yake.

"Dulari Devi," alisema, waziwazi, bila kuulizwa mara ya pili. "Binti wa Ramjatan Lal. Nyumba namba arobaini na moja."

Karani akatafuta. "Jina lako halimo."

"Nimo, bwana. Angalia vizuri. Dada ameniambia nimo, na ndiye mgombea."

Karani akasogeza daftari kwenye mwanga. "Ah, huyu hapa. Umekatwa. Kuna maelezo pembeni." Akasoma kwa sauti, bila ubaya wowote, kama anavyosoma mtu wa ofisi: "Hakuna mtu wa jina hilo. Kwa kauli ya Rajkishori Devi wa nyumba hiyohiyo."

"Mbona yupo!" Amma alipiga kelele kutoka nje, na fimbo akainyanyua. "Huyo hapo! Ni mkwe wangu! Nyinyi hamna macho?"

"Bibi, mimi nasoma kilichoandikwa. Anayefuata."

Anayefuata nilikuwa mimi. Mungu anisamehe, nilipita. Nilitaja jina langu, nikapewa karatasi, nikapiga kura, na nilipotoka gari la chama lilikuwa limesimama langoni, Rajkishori akishuka huku watu wakimpigia makofi. Bishunpurwali alikuwa akija kwa upande wake. Aliposogea, aliuvuta upindo wa sari mpaka kidevuni, akasimama pembeni ya njia, akainama kama tunavyowainamia wakubwa, akampisha. Rajkishori akanyoosha mkono kumshika bega. Mkono ulipofika, bega lilikuwa limeshaondoka.

Jioni ile alimfuata jikoni. Alitembea zile hatua kumi na tano.

"Nisikilize. Nilikuwa sijui kama ni wewe. Nilipojua, nilikuwa nimeshasaini. Nilifikiri…"

"Chakula kiko tayari, mheshimiwa," alisema Bishunpurwali. "Nikuletee barazani au utakula na wageni?"

Matokeo yalikuwa hayajatangazwa, na hakuna aliyekuwa amemwita mheshimiwa bado. Yeye ndiye alikuwa wa kwanza. Neno dada halikutoka tena mdomoni mwake.

*

Rajkishori alishinda kwa kura mia sita na kumi na mbili. Sisemi hakufanya kitu, maana ningekuwa mwongo. Shule ya wasichana ilijengwa, na binti yangu amesoma pale mpaka darasa la kumi. Wodi ya wazazi ilijengwa, na nesi akaletwa. Alisimama Bungeni akiwa mwanamke peke yake upande ule wa ukumbi, wakamzomea, naye hakukaa mpaka amemaliza. Alipofika kwenye sehemu ya hotuba iliyohusu majina ya wanawake daftarini, watu wanasema alikatisha, akaomba maji. Magazeti yakaandika kwamba alizidiwa na hisia.

Aliwahi kumwandikia ofisa kuomba mwalimu Ramsakal arudishwe kazini. Barua ilijibiwa baada ya miezi minane, na mwalimu alikuwa amekwenda Assam kutafuta kazi kwenye mashamba ya chai. Alimnunulia Bishunpurwali sari tatu za hariri. Zilikaa sandukuni bila kukunjuliwa.

Mwaka hamsini na sita daftari likafanywa upya. Siku ya mtaa wetu Rajkishori hakwenda kokote. Kulikuwa na kikao cha kamati Patna, akapiga simu ya posta kuwaambia hatafika. Aliketi barazani tangu asubuhi, amevaa vizuri, na karani alipofika, kijana mwenye karatasi zake kwenye ubao, alimpokea mwenyewe na kumwekea kiti. Akajitaja. Amma akajitaja, kwa mbwembwe, na jina la baba yake juu yake.

"Kuna mwingine," alisema Rajkishori. Akainuka, akasimama kwenye mlango wa ua. "Dulari!" aliita. Ilikuwa mara ya kwanza kumwita hivyo mbele ya mtu wa nje. "Dulari, njoo mdogo wangu. Mtu wa majina amekuja."

Tukasikia maji yakimwagwa, na bangili. Alikuja mpaka nyuma ya pazia, hakulifungua. Karani akaweka kalamu tayari.

"Jina lako, mama?"

"Dulari Devi," Rajkishori alisema. "Andika. Dulari Devi, binti wa Ramjatan Lal."

"Samahani, mheshimiwa, siku hizi tumeambiwa tulisikie kwa mwenyewe. Yalitokea matatizo mara ya kwanza." Kijana hakujua anamwambia nani. "Mama? Jina lako tu, niandike."

Rajkishori alishika pazia kwa mkono mmoja, hakuthubutu kulivuta. "Naomba," alisema, kwa sauti ndogo ambayo wapigakura wake hawakuwahi kuisikia.

"Nyumba hii umeshaimaliza, bwana," sauti ya nyuma ya pazia ilisema, kwa upole, kama mtu anayemwelekeza mgeni njia. "Nenda ya pili."